Koma ya Mwambire

Kadii alikuwa amekalia mbuzi, akikuna nazi, baba mkwe wake alipoingia uani pale Junju. Mzee Lewa alikufa zamani, lakini kila Ijumaa alasiri huja kunywa tembo lake kwenye koma, ile nguzo fupi ya mti aliyochongewa alipozikwa. Kadii alimwamkia, akammiminia kifuuni.

Mzee alitazama barazani. Mwanawe Mwambire alikuwa kitini, ile miwani nyeusi ya kuingilia dunia ya kompyuta imemfunika macho tangu asubuhi. Aliletewa na nduguye Owen kutoka Mtwapa, Mwambire alipoachishwa kazi hotelini, eti ajipoze roho. Akajipoza mpaka akapoteza kivuli. Siku hizi kuku walipita ndani ya miguu yake bila kuikwepa.

"Kwetu hajafika," mzee alisema, "na kwenu hayupo. Mume wako yuko wapi?"

Mwambire alinyoosha mkono, akapapasa hewa chini ya usawa wa meza.

"Purity, mwanangu, njoo."

Purity, ambaye sasa anamfikia mama yake mabegani, alitupa ufagio akakimbia. Kumbe baba alikuwa akimbembeleza Purity wa kule ndani ya miwani, mdogo, asiyekua wala kuomba karo. Huyu wa Junju alisimama mbele yake kwa muda, kisha akarudi kuokota ufagio. Kadii aliumia kuliko kama angepigwa kofi.

Ndipo akafanya jambo asilofanyiwa mtu aliye hai. Alimwendea Sanga, mchongaji, akaagiza koma ya mumewe, angalau awe na mahali pa kupatikana. Wakaisimika kando ya ile ya Mzee Lewa na kuimwagia tembo. Mzee alisogea kidogo kumpisha mwanawe.

Tangu hapo Purity akitoka shule hupita kwanza kwenye koma.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Umekula?" koma hujibu, kwa sauti ileile ya Mwambire, na humsikiliza mtoto mpaka amalize habari zake za shule.

Kadii alikwenda barazani kumwambia mumewe kwamba mwanawe anamhitaji. Mwambire alicheka kwa upole, akasema asijali, amempakata.

Miwani ikiisha chaji, Mwambire huita kutoka kitini, "Purity! Purity!" Purity huendelea kufagia. Anajua anaitwa yule mwingine.