Kazi ya Tokuji Ilikuwa Kufa

Tangu vita viishe, mume wangu Tokuji aliuawa kwa upanga katika kila filamu aliyocheza pale Kyoto, na hakuna aliyekufa vizuri kuliko yeye. Sisemi hivyo kwa kuwa ni mume wangu. Nilikuwa nikiwavalisha waigizaji kimono, yale majoho ya kufungwa mkanda, pale studio, nimewaona wakifa wengi, na wengi walianguka kama magunia.

Aliyemuua kila mara ni nyota wetu, mzee Kuramochi. Ukafika mwaka bega lake la kulia likawa limekwisha kabisa. Sisi tuliomvalisha tulijua, tukanyamaza. Lakini maneno yakamfikia mkurugenzi wa studio, naye akamwita Tokuji pembeni.

"Kesho nakuja kutazama. Usimfichie bega lake. Mzee akishindwa, nafasi yake nampa yule kijana Asaba, na wewe utaandikwa jina kwenye filamu zake. Utapewa na maneno ya kusema."

Miaka yote hiyo Tokuji alikuwa hajasema kitu kwenye filamu zaidi ya kuguna. Asubuhi, nikimfunga mkanda, nilimwambia, "Leo usijitie ufundi. Simama tu, umngoje."

"Nimesikia," akasema.

Tulipigia filamu kando ya mto, mkurugenzi na Asaba wakitazama. Kuramochi akainua upanga, nikauona mkono ukikwama njiani. Tokuji hakungoja. Aliufuata upanga kwa kifua, akajipinda kinyumenyume mpaka kisogo kikakaribia visigino, akayumbishwa na pigo ambalo halikuwepo, akatumbukia mtoni chali.

"Mzee bado ana mkono," mkurugenzi akasema, akaondoka na Asaba wake.

Nilimkausha Tokuji nywele kwa hasira, nikizivuta makusudi. "Mjinga wewe. Kusimama tu kumekushinda?"

"Ningesimama, yeye ndiye angekufa." Akapuliza chai yake. "Mimi nimeajiriwa kufa, Sumie. Sikuajiriwa kuua."

Sikumsemesha mpaka filamu ilipotoka. Nilikwenda kuitazama peke yangu, bado nimenuna. Upanga ulipopita, ukumbi mzima ukapiga makofi na kuita, "Kuramochi! Kuramochi!" Tokuji alikuwa ndiyo kwanza anaanguka, polepole, mzuri ajabu, na hakuna aliyemwona. Nikasimama, nikaita kwa sauti yangu yote, "Tokuji!"

Mzee mmoja wa kiti cha mbele akageuka. "Tokuji ndiye nani, mama?"

"Huyo anayekufa," nikamwambia. "Mtazame."