Mafuta ya Ignatis

Haya nilisimuliwa na Pelagia, yule anayeosha vyombo pale kwenye kinu cha mafuta ya zeituni, majira ya baridi yaliyopita, tulipokuwa tumekaa jikoni kwake tukichagua zeituni za kutia chumvi. Mengine aliyaona kwa macho yake. Mengine aliambiwa na Mirsini mwenyewe, kwa kuwa nyumba zao zinachangia ukuta mmoja, na ukuta ule mwembamba haufichi hata chafya.

Mirsini ni mjane. Mumewe, Ignatis, alifariki mara tu baada ya mavuno, mafuta ya mwaka ule yakiwa yameshaingia nyumbani. Madebe yalikuwa yamepangwa chini ya ngazi na kufunikwa magunia. Arobaini ilipokwisha, watu walikula, wakanywa kahawa, wakamwambia Mungu amlaze pema, wakaenda zao. Mtoto wao wa pekee akapanda ndege kurudi Australia. Mizeituni Mirsini aliikabidhi kwa chama cha wakulima waichume wao, maana mwanamke mmoja atatandaza nyavu saa ngapi na atapiga matawi saa ngapi? Lakini yale madebe hakuyatoa. Aliyala kidogo kidogo, mwaka huu na mwaka ujao na ule mwingine. Na mtu mmoja anakula mafuta kiasi gani, jamani? Hata mwoka mikate alianza kumkatia nusu mkate bila kuulizwa. Siku ya kwanza alipokabidhiwa ile nusu, Mirsini alirudi nyumbani akalia kuliko alivyolia makaburini.

Basi akaja Argiro. Ni binti wa hapa hapa, amesoma mjini mambo ya mafuta, akarudi na wazo. Kile kinu cha zamani kilichokuwa kimelala, chenye mawe makubwa ya kusagia na vile vyumba vidogo vya mawe uani, kila ukoo na chumba chake cha kuwekea zeituni zikisubiri zamu, alikifagia na kukipaka chokaa. Akaanza kuleta wageni kwa basi kila Jumatano. Wanaangalia mawe, wanachungulia vyumba, wanaonja mafuta, kisha wanapelekwa kula chakula cha mchana nyumbani kwa mtu. Nyumba aliyoichagua ilikuwa ya Mirsini, kwa sababu ya ua wake wenye mzabibu na ile mitungi ya udongo mirefu kama watu.

Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Mirsini alipona kweli. Jumanne alikanda unga, akaloweka maharage, akakwangua chumvi kwenye dagaa. Jumatano alivaa gauni jeusi la kanisani na kusimama mlangoni tangu asubuhi. Wageni walipokaa, aliwamiminia mafuta ya Ignatis juu ya mkate bila kubana mkono, na kuwaambia kwa lugha wasiyoielewa, "Kuleni, kuleni, haya ni ya mume wangu." Wao walicheka na kuinua glasi. Mwanamke mmoja alimkumbatia wakati wa kuondoka, na harufu ya marashi yake ilikaa kwenye kitambaa cha Mirsini hadi Ijumaa.

Kisha Jumatano moja basi lilipita.

Alilisikia likipanda mlima, akaweka maji mezani. Akalisikia linapita kona yake bila kupunguza mwendo, likaenda kusimama mbele zaidi, kwa mwalimu mstaafu. Mirsini alikaa na sahani zake chini ya mzabibu mpaka nzi wakaja kula badala ya wageni.

Alipomuuliza Argiro, Argiro alisema, "Shangazi, nimeona upumzike kidogo. Kazi ile ni nyingi kwa mtu mmoja."

"Nani amekwambia nimechoka? Nimelalamika kwako?"

"Hapana, shangazi."

"Basi pumzika wewe."

Baadaye Mirsini alimgeukia Pelagia, wakiwa wanaanika nguo kila mmoja upande wake. "Shoga, wewe uko kule kinuni. Nimewakosea nini?"

"Mimi naosha vikombe tu," Pelagia akajibu, pini za nguo mdomoni. "Ya wakubwa usiniulize."

Lakini alijua. Pelagia mwenyewe aliniambia alijua, na kijiji kizima kilijua, ila kila mtu alimwachia mwenzake aseme.

Jumatano iliyofuata Mirsini hakupika. Alivaa gauni lake jeusi, akafunga kitambaa, akateremka hadi kinuni. Alichotaka ni kimoja tu: Jumatano yake. Hakuomba pesa wala sifa. Alitaka sauti za watu uani mwake siku moja katika juma, basi.

Aliwakuta wageni wamekaa kwenye meza ndefu, kila mmoja na vikombe vitatu vidogo vya glasi ya buluu. Vikombe hivyo vina rangi ili jicho lisidanganye ulimi, usiyaone mafuta kama ni ya kijani au ya njano. Argiro alikuwa ameshawaeleza kwa Kijerumani chao kila kikombe kina nini. Pelagia alikuwa kwenye karai, na Kijerumani hakijui, ila maelezo yale aliyasikia kila juma hata akayakariri kwa kutazama ishara za mikono ya Argiro: kikombe cha kwanza, mafuta ya zeituni zilizochumwa mapema, cha pili, ya mavuno ya kawaida, na cha tatu, hapo Argiro hukunja pua, mafuta yaliyoharibika, yanayowekwa makusudi ili mgeni ajue ubaya una ladha gani.

Mirsini aliingia wakati maelezo yamekwisha.

"Argiro! Nimekuja uniambie mbele ya watu. Nyumba yangu chafu?"

"Mama wa Mungu! Shangazi, nani kasema?"

"Chakula changu kibaya?"

"Si hivyo."

"Basi umesema mimi sijui mafuta. Maana kilichobaki ni hicho tu."

Argiro akawa mwekundu kama nyanya. Wageni hawakuelewa neno hata moja, ila mzee mmoja mnene mwenye kofia ya majani aliona bibi kizee amesimama na yeye amekaa, akaona aibu. Akainuka, akampa kiti. Mkewe akamsogezea vikombe vyake vitatu, ambavyo alikuwa hajavigusa.

"Si lazima, shangazi," Argiro akasema haraka, na mkono wake ukaenda kwenye kikombe cha tatu kukiondoa.

Mirsini akaupiga kofi ule mkono. "Acha! Mimi nimeonja mafuta kabla mama yako hajajua kuchemsha maji. Leo nitakwambia kila kikombe ni cha nani. Na nikipatia, basi lako litasimama kwangu. Tumekubaliana?"

Argiro hakujibu. Mirsini alichukua kimya kile kuwa ndiyo.

Akafunika kikombe cha kwanza kwa kiganja, akakipasha joto kwa mkono mwingine, kama walivyofanya wazee. Akanusa, akavuta funda. Mafuta yakamkaba koo, akakohoa hadi machozi.

"Hii ni dawa ya kifua! Zeituni mbichi kabisa. Waliozichuma walikuwa wanafukuzwa na nani?"

Pelagia akacheka kwenye karai lake, na wageni nao wakacheka, maana kikohozi hakihitaji mkalimani.

Cha pili akakionja taratibu. "Haya ya watu wazima. Ya upande wa ghuba, chini kule. Hayana neno."

"Umepatia, shangazi," Argiro akasema. "Ni ya ghubani kweli. Inatosha. Umeshinda."

"Kuna kimoja bado."

"Inatosha, nimesema."

Lakini Mirsini alikuwa ameshakifunika kwa kiganja. Aliinua mkono, akanusa. Pelagia anasema uso wake ulilegea kama wa mtoto anayebebwa. Akavuta funda, akafumba macho, akakaa nalo mdomoni. Alikuwa amerudi kwenye kile chumba cha mawe cha ukoo wao, mvua inanyesha, magunia ya zeituni yamerundikana yakisubiri zamu na kutoa joto kama mgongo wa ng'ombe, na Ignatis amelala juu yake na kofia usoni ili jirani asiwaruke foleni.

"Ni yetu," akasema. "Argiro, umeyapata wapi? Haya ni ya Ignatis!" Akawageukia wageni, akawaonyesha pete yake, akajipiga kifua. "Wangu! Mume wangu!" Kisha akakibusu kile kikombe.

Hakuna aliyecheka. Watu wote mezani walikuwa wameshaambiwa kikombe cha tatu kina nini. Waliinamisha macho. Yule mzee alivua kofia yake akaishika magotini. Pelagia alifunga bomba, na anasema aliomba moyoni Argiro aseme uongo, uongo mmoja mdogo, Mungu angesamehe.

Na Argiro alitaka. Alifungua mdomo, akasema, "Ndiyo, shangazi, ni..." ila Mirsini alikuwa anamtazama.

"Nina macho, binti. Sema."

"Si ya Ignatis," Argiro akasema polepole. "Ni ya debe la kufundishia. Tunaweka hapo ili watu wajue mafuta yaliyoharibika yakoje. Zeituni zilizochachia guniani, halafu mafuta yenyewe yakakaa miaka."

Mirsini alikiweka kikombe chini, katikati kabisa ya meza, kama kitu kinachoweza kumwagika.

"Na yangu?"

"Ndivyo yalivyo."

"Tangu lini?"

"Tangu siku ya kwanza nilipoleta wageni."

"Na wewe ulikula."

"Nilikula, shangazi. Ulikuwa umefurahi mno."

"Na wao wakala."

Argiro alisita. "Walionja. Mkate uliobaki walimpa paka wako."

"Kumbe ndiyo maana alinenepa," Mirsini akasema, na Pelagia anasema hakujua acheke au alie. "Ignatis angeniambia. Yeye ndiye alikuwa anachovya mkate wa kwanza. Akisema mwaka huu yameshika joto, hayafai kuliwa, peleka kwa watu wa sabuni, tunapeleka. Mimi nilikuwa nangoja aseme. Sasa mtu akila peke yake, nani atamwambia?"

"Mimi ningekwambia, shoga," Pelagia akadakia toka karaini.

"Wewe hujakaa mezani kwangu tangu arobaini."

Pelagia aligeukia karai. Alifungua bomba, akaosha kikombe kilichokuwa safi.

Argiro akamshika Mirsini mkono. "Sikiliza. Chukua debe la hapa kinuni, weka mezani. Jumatano ijayo basi litasimama kwako, na zote zinazofuata. Naapa."

"Debe la yale yanayokaba koo?"

"Ya pili, yale ya ghuba. Yale uliyosema hayana neno."

Wageni walianza kukusanya mikoba. Mirsini alilitazama lile debe jipya linalong'aa, lililoletwa toka stoo. Alichotaka kilikuwa pale mbele yake, na sasa alijua bei yake: wageni watakuja, watakula, watasifu, na hakuna hata tone moja la Ignatis litakalokuwa mezani.

"Lete wageni wako," akasema mwishowe. "Watakula yenu. Na paka tutamtafutia kitu kingine."

Alipanda mlima na debe mkononi. Pelagia alitaka kumpokea, akakataa. Ulikuwa ule wakati wa mchana ambao jua limesimama juu ya paa na kijiji kinafunga madirisha kulala. Basi lilikuwa limeshakwenda kwa mwalimu. Walipofika milangoni mwao Pelagia hakuingia kwake. Alisimama akichezea ufunguo.

"Nimepika dengu," akasema. "Niichukue tuje tule pamoja? Hapo kwako?"

"Siku nyingine, Pelagia. Leo nitakula na Ignatis, yule asiyenionea huruma."

Akaingia, akafunga mlango.

Alikata mkate vipande viwili. Cha kwanza alikitia mafuta ya ghuba. Yalikuwa safi, hayana neno, na hayakumwambia lolote. Cha pili alikitia mafuta ya Ignatis, kutoka debe lililo chini ya ngazi. Alikitafuna taratibu, akiutafuta ule ubaya kwa ulimi wote, kama mtu anayetafuta unywele kwenye chakula. Hakuuona. Yalikuwa matamu. Alijua yameoza, alikuwa ameambiwa mbele ya meza nzima ya watu, na bado yalikuwa matamu. Hapo ndipo alipoogopa, kuliko aibu yote ya kinuni: kwamba ulimi wake ulikuwa umeondoka taratibu, akiwa anakula peke yake, na hakuna aliyeuona ukiondoka. Mzoea vya kunyonga, vya kuchinja haviwezi.

Debe la kinu aliliweka kwenye rafu ya vyombo vya wageni. Yale ya Ignatis aliyarudishia gunia lake, akayaacha palepale. Watu wa sabuni watangoja.

Kisha alifunga madirisha, akapanda kitandani upande wake ule ule wa ukutani. Kupitia ukuta alisikia kitanda cha Pelagia kikilia.

"Pelagia," akaita. "Umelala?"

Pelagia alikuwa macho. Alilisikia jina lake vizuri, na hakujua aseme nini na mwanamke ambaye yeye mwenyewe alimwacha ale peke yake miaka yote ile, basi alifumba macho akajifanya amelala, na kwa kujifanya usingizi ukamchukua kweli.

Mirsini alingoja. Nje hakukuwa na kitu ila nyenze kwenye mizeituni. Akangoja tena kidogo, kwa sababu Pelagia huwa mzito kuamka. Halafu akageukia ule upande mwingine wa kitanda, akauwekea mkono, na yeye akalala.