Picha Isiyocheka

Jumatatu asubuhi Kingori alimwachia jirani mkokoteni wake wa avokado katika soko la Karatina, akaenda Nyeri mjini akiwa amevaa shati la kanisani. Alikuwa ameomba pasipoti mpya kwa kuwa ya zamani iliisha muda mwezi Machi. Mama yake, Kagure, alikuwa amelazwa India akingoja figo, na vipimo vilionyesha kwamba figo inayomfaa iko ubavuni mwa Kingori.

Kulikuwa na kesi. Siku ya maandamano, mkokoteni wake ulikutwa kando ya barabara, pale unapokutwa kila siku ya soko. Hati ya mashtaka ilisema aliziba njia kwa nia mbaya. Dhamana ilikuwa na sharti kwamba asitoke nchini, na pasipoti ikae mahakamani mpaka kesi iishe. Kesi ilikuwa imetajwa mara kumi na moja. Askari aliyekuwa shahidi alihamishwa, na hakuna aliyejua alikopelekwa.

Kwenye dirisha la ofisi ya pasipoti aliambiwa pasipoti iko tayari.

"Lakini si wewe unapewa," afisa akasema. "Inaenda kortini moja kwa moja."

"Si ile ya kwanza iliisha?"

"Ndiyo maana tumekutengenezea ingine. Hii iko na miaka kumi."

Mwai, karani wa mahakama, aliipokea, akatia sahihi, akaifungia kwenye kabati la chuma pamoja na mapanga ya ushahidi.

Ijumaa Kingori aliitwa kwa Ronak, mwenye duka la picha pale Karatina. Ronak ndiye aliyempiga picha ya pasipoti, na binamu yake Daxa, aliyeishi India, ndiye aliyewatafutia hospitali. Daxa alikuwa kwenye simu, kando ya kitanda cha Kagure.

"Baba," Kagure akasema. Alimwita hivyo kwa kuwa alimpa mwanawe jina la baba yake yeye mwenyewe. "Kitabu yako ya pasipoti imefika. Imekuja peke yake, iko hapa kwa mto."

"Imepigwa mhuri?"

"Ya huko na ya huku. Lakini hiyo sura yako ni ngumu! Nimeiambia ile stori ya jogoo ya jirani yetu Wambugu, ikaniangalia tu."

"Mami, picha ya pasipoti haikubaliwi kucheka," Ronak akadakia. "Ni mimi nilimkataza."

"Kumbe mbaya ni wewe," Kagure akasema, akacheka mpaka akakohoa.

Daxa alieleza kwamba madaktari waliipima pasipoti, wakaifungua ukurasa kwa ukurasa. Haikuwa na figo. Wakairudisha kwenye mto.

Kesi ilipotajwa mara ya kumi na mbili, mshtakiwa alikuwepo na shahidi hakuwepo.

"Na pasipoti?" hakimu akauliza.

"Iko India, Mheshimiwa," Mwai akasema. "Inamwangalia mgonjwa."

"Itarudi?"

"Viza yake ni ya siku sitini."

Kingori alinyoosha mkono. "Mheshimiwa, mgonjwa ni mamangu. Mwenye anahitajika ni mimi."

Hakimu alipitia sharti la dhamana mara mbili. Lilimkataza mshtakiwa kusafiri. Kuhusu pasipoti kusafiri halikusema kitu. Akaandika, akaahirisha kesi kwa miezi miwili.

Kagure alifariki siku ya arobaini na moja ya viza hiyo. Jeneza lilipofunguliwa nyumbani, pasipoti ilikuwa mikononi mwake. Kingori aliichomoa taratibu, akamzika mama yake kando ya migomba, na Jumatatu iliyofuata akaipeleka kortini mwenyewe, kwa sababu hilo lilikuwa sharti.

Mwai aliifungua. Kwenye picha Kingori alikuwa anacheka, meno yote nje, macho yamefinywa, kama mtu aliyefika mwisho wa stori ya jogoo wa Wambugu.

"Pole sana kwa msiba," Mwai akasema. Kisha akageuza pasipoti kwenye mwanga. "Lakini hii haikubaliwi. Hairuhusiwi kucheka. Itabidi uombe ingine."

"Nikiomba, nitapewa mimi?"

"Inaletwa hapa."

Mchana huo Kingori aliingia dukani kwa Ronak. Kitambaa cheupe kilikuwa bado kimetundikwa ukutani. Akaketi kwenye stuli, wima, na figo zake zote mbili, akaitazama kamera. Ronak hakuhitaji kumkataza kucheka.