Hatamu ya Shemeji

Farasi aliitwa Shemeji. Kama unataka kucheka, cheka sasa hivi tumalizane, maana huko mbele hakuna kicheko cha maana. Jina alilipata siku aliyoshushwa kwenye lori: aliwapita watu wote bila hata kuwatazama, akaenda moja kwa moja kwenye ndoo ya chakula. "Huyu si farasi," akasema Kaka, mwana wa mwenye mabanda ya farasi, "huyu ni shemeji kaja kusalimia." Jina likaganda hapo hapo. Na miaka yote iliyofuata alikuwa mpole mpaka anaudhi. Watoto wa watu walijifunzia kupanda mgongoni mwake, wakamvuta masikio, wakampigia makelele, naye akavumilia tu.

Basi huyo huyo ndiye aliyekuwa siku hiyo akisubiri sindano ya kumuua.

Daktari wa mifugo angefika mchana. Kaka, ambaye ndiye aliyemwita, alikuwa amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa nje ya mabanda, mkono wa kushoto umening'inizwa shingoni kwa kitambaa. Mtulinga, ule mfupa kati ya shingo na bega, ulikuwa umevunjika. Wiki iliyotangulia Shemeji alimrusha kama gunia la viazi, naye Kaka akaenda kujigonga kwenye uzio. Na hata kabla ya hapo farasi alikuwa na miezi ya vituko: kurusha kichwa, kupiga kwato chini, kusimama kwa miguu ya nyuma.

"Leo mimi, kesho mtoto wa watu," Kaka alimwambia kila aliyepita. "Mama yake tutamwambia nini? Kwamba farasi aliamka vibaya?"

Na hapo, tuseme ukweli, alikuwa na hoja.

Lakini Fundi hakukubali, tangu siku ile daktari alipoitwa. Fundi alikuwa dada yake mdogo, mshona ngozi wa pale pale nyumbani. Chumba chake kilipakana na mabanda: meza ndefu, vipande vya ngozi sakafuni, harufu ya nta na mafuta ya kulainishia. Matandiko yote, mikanda yote, hatamu zote zilipita mikononi mwake. Na alimpenda Shemeji. Nisizungushe maneno: alimpenda kuliko baadhi ya ndugu zake wa damu, na ukimuuliza ni yupi, angekutajia.

Yeye alikuwa ameona jambo. Shemeji hakuanza ukorofi mtu akishapanda. Alianza mapema zaidi, akiiona tu hatamu mkononi mwa mtu. Hapo alinyanyua kichwa juu na kukaza taya. "Anaumia kichwani, Baba," Fundi alisema. "Hatamu ndiyo inayomtesa."

Baba yao ndiye aliyekuwa na mabanda yale, na ndiye aliyefundisha watu kupanda. Wanafunzi walimwita Kamanda kwa sababu ya sauti yake, na wanawe nao wakazoea. Alimgeukia binti yake. "Haya, kashone unachotaka kushona," alisema. "Asubuhi ya siku ya daktari nitamjaribu. Akitulia, anaishi. Asipotulia, usinililie."

Fundi akaingia kazini. Farasi usoni hana nyama ya kumkinga. Ni ngozi juu ya mfupa, na mishipa ya fahamu inapita hapo hapo. Hatamu ya kawaida ni mikanda iliyonyooka, wakati kichwa cha farasi hakijanyooka mahali popote. Kwa hiyo alikata hatamu ya kufuata umbo la kichwa. Mkanda wa kisogoni aliufanya mpana, akaujaza laini kwa ndani, akauchonga nyuma ya kila sikio ili mashina ya masikio yapumue. Mkanda wa pua aliupinda upite chini ya mfupa wa shavu bila kuugusa. Alimpima Shemeji kwa utepe, akarudia, akaweka alama ya chaki pale ambapo bizimu, kile chuma cha kufungia mkanda wa pua, ingepaswa kufungwa.

Asubuhi ya siku ya daktari ilipofika, Kamanda aliipokea ile hatamu, akaipimapima uzito mkononi. "Hii ni hatamu au mto wa kulalia?"

"Mvalishe uone."

Shemeji alivalishwa. Alinyanyua kichwa, kama kawaida yake, lakini mkanda wa kisogoni ulipotua nyuma ya masikio, alishusha pumzi ndefu, na Fundi akaanza kutumaini. Kamanda akamalizia ukaguzi mwenyewe. Hiyo ndiyo ilikuwa sheria ya mabanda yale: hakuna farasi aliyetoka kabla Kamanda hajapitisha vidole vyake viwili chini ya mkanda wa pua, vimelala juu ya mfupa. Vikipita kwa kujibana kidogo, sawa. Vikipita ovyo, anakaza. Alipitisha, akatikisa kichwa, akakaza.

Wakamtoa uwanjani kwa kamba ndefu, bila mtu mgongoni. Shemeji akaenda hatua chache. Kisha akaanza. Alirusha kichwa kushoto, akakirusha kulia, akajisugua pua gotini, akasimama wima kwa miguu ya nyuma mpaka kamba ikamchoma Fundi viganjani.

"Umeona?" Kaka alisema kutoka kwenye ndoo yake. Hakusema kwa furaha. "Si hatamu, dada yangu. Amechanganyikiwa tu."

Kamanda aligeuka akaenda zake nyumbani, akitembea polepole, na Fundi akabaki uwanjani na farasi anayetetemeka.

Alimrudisha bandani akamvua hatamu. Machozi yalikuwa yanamtoka, na sioni sababu ya kumfichia. Alikuwa amejiaminisha kwamba ameweza, kumbe hola. Aliichukua hatamu mpaka mezani kwake akaigeuzageuza atafute alipokosea. Hapo akaona kitu cha ajabu. Bizimu ilikuwa imekazwa matundu mawili kupita alama ya chaki.

Kwanza alijilaumu. Nimepima vibaya, akasema moyoni. Akarudi na utepe, akampima Shemeji upya. Kipimo kilikuwa kile kile. Akamvalisha tena, akafunga kwenye lile tundu la Kamanda, akajaribu kupitisha vidole vyake mwenyewe. Havikupita. Akajaribu kimoja. Nacho kiligoma kwenye kiungo.

Sasa jamani. Fundi ana vidole vyembamba. Utotoni, baba yake alipomshika mkono kuvuka barabara, yeye alikuwa akikamata kidole kimoja tu cha baba na kiganja chake kinajaa. Inawezekanaje vya baba vipite, vyake vikwame?

Alisimama hapo bandani. Akaikumbuka pete aliyovishwa baba yao na marehemu mama. Ilikuwa haionekani tangu siku nyingi, na alipoulizwa alijibu kwamba inamsumbua kazini. Akakumbuka suruali inayokazwa kwa mkanda mpaka inajikunja. Akakumbuka chakula kinachorudi jikoni nusu sahani, "nimeshiba, mwanangu, kula wewe". Mtu unayemwona kila siku, humwoni.

Alikimbilia chumba cha matandiko akashusha hatamu zote ukutani. Kila moja ilikuwa na tundu jipya kwenye mkanda wa pua, na nyingine mawili. Na matundu hayo aliyatoboa nani? Yeye! Kamanda alikuwa akija mlangoni, "Fundi, hebu nitobolee hapa, ngozi imelegea," naye anatoboa, anarudi kwenye kazi yake. Ngozi hulegea, ni kweli, kila mshona ngozi anajua. Ndiyo maana hakujiuliza. Ngozi ilikuwa salama. Aliyekuwa anapungua ni baba yake, na kadiri vidole vilivyopungua, ndivyo farasi walivyobanwa. Jike mweusi alikuwa ameanza kusaga meno, mwingine manyoya ya puani yalikuwa yameota meupe pale mkanda unapokaa. Wote walikuwa wamevumilia. Shemeji peke yake ndiye aliyechoka.

Fundi alikaa kwenye gogo la kuwekea matandiko. Akisema, farasi anapona. Lakini akisema, atakuwa amemwambia baba yake mbele ya watu kwamba yeye ndiye aliyewatesa wanyama wake, na atakuwa ameuanika ugonjwa aliouficha. Na Kamanda bila mabanda ni nani? Hakuwahi kujua kazi nyingine wala burudani nyingine. Bora nifanye kimyakimya, akawaza. Nifunge mwenyewe, atulie, kila mtu aende nyumbani, ya baba tutayazungumza taratibu.

Gari la daktari lilipoingia, Shemeji alikuwa uwanjani tayari, bizimu imefungwa kwenye chaki, na Fundi akiwa mgongoni mwake.

"Shuka hapo!" Kaka aliruka kutoka kwenye ndoo. "Unataka tukae wote na vitambaa shingoni?"

Fundi hakushuka. Alimwambia farasi twende, na farasi akaenda. Mwanzoni alikwenda kichwa juu, akisubiri maumivu. Maumivu hayakuja. Mzunguko mmoja, mwingine, shingo ikaanza kulegea, akatafuna kile chuma cha mdomoni taratibu, mate yakamtoka pembeni ya midomo. Akakimbia mbio fupi fupi, masikio yamelala pembeni kwa raha. Daktari, mwanamke mnene mwenye viatu vya mpira, aliweka mkoba juu ya uzio na kutazama. "Huyu ndiye muuaji?" aliuliza. Kaka akakaa tena juu ya ndoo yake.

Kamanda akaja. Alisimama katikati ya uwanja, akatazama, na uso wake ukafunguka kwa namna ambayo Fundi hakuwa ameiona kwa siku nyingi. Alimsimamisha farasi, akampigapiga shingoni. "Shemeji wangu," alisema, "kumbe bado upo." Halafu, kwa mazoea tu, mkono wake ukaenda puani. Vidole vikazama chini ya mkanda.

"Nani amefunga hivi? Imelegea sana hii." Akashika bizimu, akakaza.

Shemeji alinyanyua kichwa kwa nguvu. Fundi aliihisi shingo yote ikigeuka ubao mbele yake, miguu ya mbele ikiwa myepesi. Akaruka chini.

"Baba, legeza."

"Nilegeze nini? Nimepima."

"Si farasi, Baba. Ni vidole vyako. Umekonda. Unapima kwa mkono ambao haupo tena."

Fundi akarudisha bizimu kwenye chaki, akachukua mkono wa baba yake, akaviingiza vidole vya mzee chini ya mkanda, kisha akaingiza vya kwake. Vya kwake vilijaza ile nafasi vizuri. Vya Kamanda vilicheza humo ndani, mfupa na ngozi, na wote wanne waliona.

Kamanda akamgeukia mwanawe, akautazama ule mkono kwenye kitambaa. "Kumbe niliyekuvunja ni mimi," alisema.

"Hapana!" Kaka alipiga kelele. Alivuka uwanja kwa kukimbia, uso umemsawijika. "Hapana, Baba. Ni farasi. Huyu amekuwa kichaa, kila mtu anajua. Daktari, si umekuja kwa kazi? Fanya kazi yako!" Alikuwa analia, mtu mzima yule, na Fundi akaelewa, akamwonea huruma. Kaka hakuwa na chuki na Shemeji. Alikuwa radhi farasi afe ili baba yao asiwe na kosa, na asiwe na ugonjwa.

Daktari alimtazama mmoja baada ya mwingine. "Mwenye mnyama ni nani?" aliuliza kwa upole. "Aseme yeye."

Shemeji alikuwa amelaza paji lake la uso kifuani kwa Kamanda, uzito wote, kama wafanyavyo farasi waliochoka. Mzee aliyumba kidogo, na mara hii hakujikaza kuficha. Alishika ukosi wa koti la mwanawe kwa mkono mmoja, na shingo ya farasi kwa mkono wa pili, asianguke.

"Rudisha sindano yako, mama," akamwambia daktari. "Farasi ni mzima. Mgonjwa ni mimi, na nimelijua hilo tangu kabla ya masika."

Yule mama akafunga mkoba wake. Kaka akaingiza bega lake zima chini ya kwapa la baba, Fundi akashika upande wa pili, wakaanza kumtembeza kuelekea nyumbani, na alikuwa mwepesi kiasi kwamba wote wawili waliona aibu kuangaliana.