Midomo ya Nevio

Birika la kahawa lilianza kukoroma jikoni kabla hakujapambazuka, na Ersilia akalipunguzia moto upesi lisije likamwamsha mumewe. Kumbe Nevio alikuwa macho. Midomo yake ilikuwa ikicheza bila sauti, siku ya tatu sasa. Madaktari walimpasua kooni mwezi wa Februari, na sauti haikurudi. Mikono nayo ilitetemeka, kalamu haikushikika.

"Unataka maji?" Ersilia akauliza. "Mto?"

Nevio akafumba macho, amechoka.

Saa nne gari la hospitali lingekuja kumchukua. Kupona hakukuwapo tena, ila huko, daktari alisema, wangempunguzia maumivu. Ersilia alikuwa amekubali, lakini roho haikutulia. Je, mzee alikuwa akisema nipeleke, au niache?

Ndipo alipomkumbuka Duilio Sbardella, akampigia simu.

Nevio aliigiza filamu themanini na moja: jambazi wa pili, askari wa Kaisari, mlinzi wa makaburi. Kwenye mabango walimpa jina la Kimarekani, na hata sauti haikuwa yake. Pale Roma enzi hizo maneno yalitiwa baadaye, studioni gizani, na mtu mwingine aliyeitazama midomo ya mwigizaji kwenye pazia la sinema. Kwa miaka ishirini na mitatu mtu huyo alikuwa Duilio. Wawili hao walikuwa wamekutana mara mbili tu, ya pili ikiwa kwenye mazishi ya mwongozaji mmoja wa filamu.

Duilio alifika saa mbili, akihema kwa ngazi, kofia mkononi na mfuko wa biskuti za lozi ambazo Nevio hangeweza kumeza.

"Mhuni wewe!" akamwambia mgonjwa. "Bi Ersilia, unajua mumeo alivyonitesa? Anachomwa kisu, badala ya kusema maneno yake, anahesabu! Moja, mbili, tatu! Na mimi huku nitafute laana ya kuenea mdomoni mwake."

Nevio akatabasamu. Kisha midomo ikaanza tena.

Duilio akavaa miwani, akasogeza kiti. "Polepole, bwana. Rudia." Alipofungua kinywa, ilitoka sauti ile nzito ya sinema, na Ersilia akasisimka mwili.

"'Nimekufa mara sabini, jangwani, ngomeni, mbele ya watu nisiowajua. Hii moja iwe kwangu. Hospitali hawajui kunigeuza. Ersilia hutanguliza mkono chini ya bega, nisiumie.'"

Ersilia akaketi ukingoni mwa kitanda. Hakujua kama mumewe aliwahi kuuona mkono ule.

"Na maumivu je, Nevio?"

"'Nitayavumilia,'" akasema Duilio. "Hapana, ngoja. 'Nitalalamika sana. Lakini hapahapa.'"

Gari lilipofika, Ersilia alishuka na ndara zake, akawaomba radhi vijana wa hospitali kwa usumbufu, akawarudisha. Hakulia mpaka alipofika ngazi ya tatu, akajifuta, akapanda.

Duilio alikuwa amewapa mgongo, akihangaika na mkono wa koti. Midomo ya Nevio ikacheza. Ersilia akainama, akaitazama kama alivyomwona Duilio akifanya, bila haraka, mpaka mwisho.

"Duilio," akaita. "Anasema kesho uje tena."