Manjano ya Rupal

Hansa ndiye aliyekoroga manjano ya kumsinga Rupal, mtoto wa kaka yake, aliyekuwa akiolewa wiki ile. Aliyachanganya na unga wa dengu na marashi, kama walivyofanya kwao Mombasa, kisha akabeba bakuli kuelekea sebuleni. Nyumba ya kaka yake pale Eagan, Marekani, ilijaa wanawake.

Wifi yake, Kokila, akamzuia mlangoni.

"Nipe bakuli, dada. Wewe kaa jikoni tu. Unajua tena, mjane kumgusa bibi harusi ni mkosi. Ndiyo mila zetu Wahindu."

Mila! Hansa alimtazama juu hadi chini. Kokila huyu mwenye jinzi ya kubana na nywele zilizotiwa rangi ya shaba! Ile saumu ya kumwombea mumewe maisha marefu aliiacha mwaka ule ule walipofika Minnesota, eti kazi ya benki haitaki njaa. Na hao wenzake, wameshika glasi za mvinyo hata jua halijapanda, nusu yao hawawezi kujivalisha sari. Sawa, kila mtu na maisha yake. Walitupa kila kitu njiani, lakini hili la kumtenga mjane walilifungasha vizuri, likafika Marekani bila hata ufa.

"Juzi ulikula baga ya ng'ombe ndani ya gari langu," Hansa akasema, wote wakisikia. "Ukaniapisha nisimwambie kaka. Hizo nazo ni mila zetu?"

Mwanamke mmoja akacheka, akajifanya anakohoa.

"Unaniaibisha nyumbani kwangu!"

"Nimetaja tu ulichokula."

Akamsukumia bakuli, akavaa koti, akatoka. Rupal akamkimbilia hadi kwenye theluji, kavaa kandambili.

"Shangazi, rudi! Mimi nataka uanze wewe."

"Kamwambie mama yako hivyo, mbele ya wageni wake."

Rupal akageuka, akamwona mama yake dirishani. Akainamisha kichwa. Na huyu ndiye anayesomea uwakili, Hansa akawaza, akawasha gari.

Siku ya harusi walimtarajia aje na sari nyeupe ya ujane, ajibanze nyuma. Alikuja na nyekundu ya kuumiza macho, akaenda moja kwa moja safu ya mbele. Kaka mtu akasogea kumpa nafasi, bila kuthubutu kumtazama.

Hansa akaketi, akaomba chai.