Maneno Matano ya Daktari

Nilivaa tai. Binti yangu alinicheka tukipanda ngazi za maabara. "Baba, unakwenda kupokea majibu ya damu, sio kuposa."

"Majibu hayapokelewi kifua wazi," nikamjibu.

Kaka yangu anaugua Alzheimer, ugonjwa wa kupoteza kumbukumbu. Mwezi uliopita aliniuliza mimi ni mtoto wa nani. Nilitaka kujua kama na mimi nitafika huko.

Daktari, mwanamke mwenye umri wa binti yangu, alitusogezea viti. "Mzee, jeni tuliyoipima kwenye damu yako ina aina kadhaa. Ile inayoongeza hatari ya ugonjwa huu umeirithi kwa baba na kwa mama, sawasawa na kaka yako."

Binti yangu alinishika mkono.

"Ila yeye aliugua akiwa na miaka sitini na minane. Wewe una themanini na moja, na kila mwaka kwenye jaribio la kumbukumbu unakumbuka maneno yetu yote matano. Huenda una badiliko jingine dogo, kama herufi moja tu ya jeni, linalokukinga. Tukilipata, litawafaa wengi." Macho yalikuwa yakimng'aa.

Miaka arobaini nilipanga herufi kwenye kiwanda cha uchapaji. Najua herufi moja inavyoweza kuokoa ukurasa. Nilifurahi hadi nikalegeza tai. Kisha aibu ikanishika.

"Daktari, yale maneno nimeyakariri. Mwaka wa kwanza niliyaandika daftarini. Huyapitia kabla ya kuja."

"Baba, umeibia mtihani," binti yangu alisema.

"Nilijiandaa. Shule ya jioni tulifundishwa hivyo."

Daktari alijishika kichwa, akacheka, akavuta droo na kutoa orodha nyingine. "Basi leo hakuna kujiandaa. Pazia, ndoo, daraja, kinyozi, mvua."

Akanichoresha saa. Akanihesabisha kutoka mia kurudi nyuma, saba saba. Dakika ishirini zikapita. Binti yangu hakuwa akicheka tena.

"Haya, Mzee. Yale maneno."

"Pazia. Ndoo. Daraja. Kinyozi."

Nikakwama. Kalamu ya daktari ikasimama hewani. Nikatazama dirishani, nje jua lilikuwa kali, halikunisaidia kitu. Nikafumba macho.

"Mvua," nikasema. "Na ukitaka nianzie mwisho, sema tu."

Binti yangu alijifunika uso, mabega yakimtikisika. Daktari alikuwa ameshainua simu, akiagiza chupa zaidi za kuchukulia damu. Mkono wa shati niliukunja mwenyewe.

"Chukua ya kutosha," nikamwambia. "Nyingine ni kwa ajili ya kaka."